Mzaliwa wa Gisenyi anakuwaje mgeni Dar es Salaam?

Januari 2016 Rwanda iliandaa fainali za CHAN, mashindano ya Afrika kwa wachezaji wanaocheza ligi za nchini mwao. Kundi D, lenye Uganda, Mali, Zambia na Zimbabwe, lilipangwa kucheza katika Uwanja wa Umuganda mjini Rubavu, mji ambao wenyeji wengi bado wanauita Gisenyi. Amavubi wenyewe walifika robo fainali, wakatolewa na Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo kwa mabao 2-1 katika muda wa nyongeza.

Katika kikosi hicho cha wenyeji hakuwamo Haruna Niyonzima, mtoto wa Gisenyi na kiungo aliyekuwa tegemeo la timu ya taifa. Kosa lake, kama ni kosa, ni kwamba mwajiri wake alikuwa Yanga ya Dar es Salaam. Kwa kanuni za CHAN, anayefanya kazi Tanzania ni sawa na anayefanya kazi Uingereza au Uchina: yuko nje. Mashindano yakafika mpaka mjini kwao, yeye akabaki mtazamaji.

Kanuni ya CHAN ni ya CAF, na Jumuiya ya Afrika Mashariki haina mamlaka ya kuibadilisha. Lakini swali linaloibuliwa na kisa hicho ni la Jumuiya yenyewe. Kwa nini, miaka mingi baada ya kusainiwa soko la pamoja, mchezaji wa Rwanda bado anahesabiwa mgeni Tanzania, wa Uganda bado ni mgeni Rwanda, na wa Burundi ni mgeni kila anakokwenda?

Maisha ya Haruna uwanjani yanatosha kuonyesha jinsi hesabu hiyo isivyolingana na hali halisi. Alianzia Etincelles ya hapo hapo Gisenyi, akapita Rayon Sports, kisha APR. Mwaka 2011 akavuka kwenda Yanga. Jangwani alitwaa ubingwa wa Ligi Kuu Tanzania Bara mara nne: misimu ya 2012/13, 2014/15, 2015/16 na 2016/17. Akahamia kwa watani, Simba, akachukua mingine miwili. Baadaye akarudi Yanga, na alipoondoka mwaka 2021 mashabiki walimuaga kama wanavyomuaga mtu wa nyumbani. Wao ndio waliompachika jina la Fabregas. Alizungumza nao Kiswahili, na hakuhitaji mkalimani wala mwaka wa kuzoea ugali. Wakati huo huo aliichezea Rwanda zaidi ya mechi 100, akiwa nahodha wake kwa miaka mingi.

Hata hivyo, katika fomu za usajili za kila msimu, huyo alikuwa "mchezaji wa kigeni". Nafasi aliyoichukua ni ile ile ambayo ingechukuliwa na Mbrazili. Tanzania imekuwa ikibadilisha idadi ya wageni wanaoruhusiwa kwa kila klabu. Mwaka 2015 ilipanda kutoka watano hadi saba, na baadaye ikapanda tena. Kila idadi ilipobadilika, mjadala ulikuwa ni wageni wangapi. Haukuwa mjadala wa nani hasa ni mgeni.

Tazama upande wa mabeki. Antonio Rüdiger, beki wa Ujerumani aliyezaliwa Berlin, mama yake akitoka Sierra Leone, aliichezea Stuttgart, akaenda Roma mwaka 2015, Chelsea mwaka 2017, na Real Madrid mwaka 2022. Nchi nne, ligi nne. Italia na Hispania zote zina nafasi chache kwa wachezaji wasio wa Umoja wa Ulaya, lakini yeye hakujaza hata moja. Alipoingia London, Uingereza ilikuwa bado mwanachama wa Umoja huo, hivyo hakuombewa kibali cha kazi. Klabu zilijadili uwezo wake na bei yake tu.

Sasa mlinganishe na beki mwingine, Mbuyu Twite. Alizaliwa Lubumbashi, akaja Kigali kuichezea APR, akavaa jezi ya Amavubi, na mwaka 2012 akagombewa na Simba na Yanga mpaka akatua Jangwani, alikokaa hadi 2016. Huyo naye alipita nchi tatu, Kongo, Rwanda na Tanzania, na leo zote ni wanachama wa Jumuiya moja. Lakini kila mpaka alioupita ulimgeuza kuwa suala la uraia. Na mwaka ule ule alioondoka Kigali, APR iliamua kutumia Wanyarwanda peke yao, msimamo ulioshikiliwa mpaka 2023.

Lipo jambo la kuchekesha, kama halingekuwa la kusikitisha. Kwa miaka mingi Hispania haikuwahesabu wachezaji wa nchi za Afrika zilizosaini Mkataba wa Cotonou katika nafasi za wageni wasio wa Umoja wa Ulaya. Rwanda na Tanzania zote zilikuwa ndani ya mkataba huo. Maana yake Mnyarwanda angeweza kusajiliwa Madrid bila kuhesabiwa mgeni, ilhali Dar es Salaam anahesabiwa.

Ulaya haikufika hapo kwa hisani ya viongozi wa mpira. Ilifikishwa na mchezaji mmoja, Mbelgiji Jean-Marc Bosman, ambaye klabu yake ya Liège ilimzuia kwenda Dunkerque ya Ufaransa mkataba wake ulipokwisha. Tarehe 15 Desemba 1995 mahakama ya Ulaya iliamua kwamba mchezaji ni mfanyakazi kama wengine, na kwamba mipaka ya idadi ya wageni haiwezi kutumika kwa raia wa nchi wanachama. Ujerumani ikaenda mbali zaidi ya hukumu: ikaacha kuwahesabu wageni wachezaji wa nchi zote zilizo chini ya UEFA, hata zile zilizokuwa nje ya Umoja wa Ulaya. Aprili 2001 Energie Cottbus iliingia uwanjani ikiwa na wachezaji 11 wasio Wajerumani, na ligi haikuanguka.

Anayesema hayo ni ya Wazungu aitazame Tunisia. Tangu 2018 imeacha kuwahesabu wachezaji wa nchi jirani za Afrika Kaskazini kuwa wageni. Nchi hizo hazina soko la pamoja linalofanya kazi kama la Afrika Mashariki. Walioanza kuvuka huko ni wanasoka.

Huku kwetu sheria ipo. Itifaki ya Soko la Pamoja ilisainiwa Novemba 2009 na kuanza kutumika Julai 1, 2010. Inataja uhuru wa wafanyakazi kuvuka mipaka, na inakataza ubaguzi wa uraia katika ajira na malipo. Ugumu uko kwenye viambatisho, ambako kila nchi iliorodhesha aina za kazi ilizokubali kuzifungua, na orodha hizo ziliwaegemea zaidi wenye vyeti vya taaluma. Mhandisi na mwalimu wanaonekana. Anayeishi kwa miguu yake si rahisi kumwona.

Wapinzani wa kufungua milango wana hoja zinazostahili kujibiwa. Ya kwanza ni kwamba vijana wa nyumbani watakosa nafasi. Hofu hiyo ni ya kweli, lakini dawa yake si kumzuia jirani. Ujerumani ilipoondoa kabisa ukomo wa wageni mwaka 2006, iliweka sharti jingine: kila klabu iwe na Wajerumani wasiopungua 12 katika orodha yake, na idadi maalumu ya waliolelewa katika akademi za nchini. Kanuni ya namna hiyo huilazimisha klabu kulea vijana. Kanuni ya kuhesabu wageni haiilazimishi kulea mtu yeyote. Inaizuia kununua tu.

Hoja ya pili ni kwamba timu za taifa zitadhoofika wachezaji wakitawanyika. Maisha ya Haruna yanajibu hilo, kwani miaka yake Dar es Salaam ndiyo miaka aliyoiongoza Amavubi. Djihad Bizimana, mtoto mwingine wa Rubavu aliyepita Etincelles, alivaa kitambaa cha unahodha wa Rwanda akiwa anacheza Ulaya, baada ya kupita Ubelgiji na kufika Ukraine. Mchezaji anayepambana katika ligi ngumu hurudi nyumbani akiwa na kitu cha kutoa.

Hoja ya tatu ndiyo nzito kuliko zote, nayo inazihusu klabu ndogo. Milango ikifunguliwa, wenye fedha wa Dar es Salaam watawachukua vijana wa Rubavu, Bukavu na Bujumbura mapema zaidi. Etincelles na jirani yake Marines watabaki kuwa vitalu vya wengine. Ukweli ni kwamba tayari ni vitalu, na swali ni kama vinalipwa. Kanuni za FIFA zinatoa fidia ya malezi, na pia zinataka asilimia 5 ya ada ya uhamisho wa kimataifa igawiwe klabu zilizomlea mchezaji kati ya umri wa miaka 12 na 23. Klabu isiyotunza kumbukumbu za vijana wake haiwezi kudai haki hiyo. Shirikisho linaloogopa kunyang'anywa vipaji lingeanza hapo, kwa kuzisaidia klabu zake kuandika nani alicheza wapi na lini.

Kuna pia somo la mwaka 2014, ambalo Rwanda inalijua kwa uchungu. Amavubi waliitoa Congo-Brazzaville kwa penalti katika mechi za kuwania kufuzu Kombe la Mataifa ya Afrika la 2015. Mwezi Agosti CAF ikawaondoa mashindanoni, kwa sababu mshambuliaji Dady Birori alikuwa akijulikana kwa jina jingine na tarehe nyingine ya kuzaliwa katika klabu yake ya Kongo, AS Vita. Wengi walichukulia kisa kile kuwa ushahidi kwamba watu wa jirani ni hatari. Ushahidi wake unaelekea upande mwingine. Mpira wetu umekuwa ukichanganya mambo mawili: haki ya kufanya kazi na haki ya kuwa raia. Pale ambapo jirani hapati nafasi klabuni kama jirani, kishawishi cha kumtafutia pasipoti hukua, na pasipoti ikishapatikana timu ya taifa nayo inamtaka. Akiruhusiwa kucheza akiwa Mkongo, atabaki Mkongo, na kila mtu atajua anaichezea nchi gani.

Gisenyi ingekuwa mji wa kwanza kulielewa hili. Hapa ndipo Zaire, Rwanda na Burundi zilipoanzisha CEPGL, jumuiya ya uchumi ya nchi za Maziwa Makuu, mwaka 1976. Hapa Kiswahili kilikuwa lugha ya soko kabla Bunge la Rwanda halijakipitisha kuwa lugha rasmi mwaka 2017. Petite Barrière imezoea kuona makumi ya maelfu ya watu kwa siku wakivuka kati ya Gisenyi na Goma na vikapu vya nyanya, ndizi na samaki. Mpaka huo huo umeonja vita: Januari 2025, Goma ilipokuwa ikitekwa na M23, makombora yaliangukia Rubavu na kuua raia. Ni rahisi kusema kwamba wakati wa bunduki si wakati wa kujadili usajili wa wachezaji. Lakini Kongo ni mwanachama wa Jumuiya tangu 2022, na uanachama hauwezi kusubiri siasa zitulie kila mahali ndipo uwe na maana kwa mtu mmoja mmoja. Pale ambapo serikali hazizungumzi vizuri, mambo madogo yanayowaunganisha watu wa kawaida ndiyo yanayopaswa kulindwa zaidi.

Kinachohitajika kinaeleweka. Mashirikisho ya nchi wanachama, kwa kupitia CECAFA, yakubaliane kwamba raia wa nchi yoyote ya Jumuiya hatahesabiwa katika nafasi za wageni katika ligi zao. Kila nchi ibaki na haki ya kuweka idadi ya chini ya wachezaji waliolelewa nyumbani. Serikali zifute ada za vibali vya kazi kwa wachezaji hao, kama Rwanda na Kenya zilivyokwisha kufanya kwa raia wa Jumuiya kwa jumla. Kama Kongo itaona bado ni mapema, wengine waanze.

Wakati upo. Agosti 2025 Kenya, Tanzania na Uganda ziliandaa CHAN kwa pamoja, na mwaka 2027 zitaandaa Kombe la Mataifa ya Afrika chini ya jina la Pamoja. Ni jina zuri, lakini litakuwa tupu kama Mganda wa Simba na Mkenya wa Yanga wataendelea kuandikwa wageni msimu ule ule.

Na kama viongozi hawatafanya, ipo njia nyingine. Mahakama ya Afrika Mashariki iko Arusha, na mkataba wa Jumuiya unamruhusu mkazi yeyote wa nchi wanachama kuifikishia kanuni au uamuzi wa serikali anaoona unakiuka mkataba. Bosman alikuwa kiungo wa kawaida wa klabu ya kawaida. Viongozi wa mpira wa Afrika Mashariki bado wana nafasi ya kufanya kwa hiari yao kile ambacho wenzao wa Ulaya walilazimishwa na jaji.