Waacheni wasichana wapate watani wao



Tunaandika haya baada ya kikao cha maandalizi ya bonanza la vijana ambacho baadhi yetu tulihudhuria kama wasikilizaji tu. Kwenye ratiba kulikuwa na mechi mbili za wasichana wa vyuo, mpira wa kikapu na netiboli, Musoma dhidi ya Bunda. Mwaka uliotangulia mechi ya kikapu iliisha kwa tofauti ya pointi moja. Wasichana wa Bunda walipanda basi wakilia, na maneno makali yakapita dirishani kutoka pande zote mbili. Basi mjumbe mmoja, mtu mwema ambaye hatuna ugomvi naye, akapendekeza kwamba safari hii kusiwe na timu ya Musoma wala ya Bunda. Wasichana wachanganywe, wagawiwe jezi za rangi mbili, wacheze dakika ishirini za kirafiki, kikombe kisiwepo. Wavulana waendelee kama kawaida, fainali yao saa kumi jioni. Pendekezo lilipita bila mjadala, maana chai ilikuwa imeshafika.

Nasi hatukusema neno. Ndiyo sababu tunasema sasa.

Hoja ya mjumbe yule ni kwamba ushindani huzaa uhasama, na kwamba binti aliyelelewa Kikristo hapaswi kutoka uwanjani na hasira. Ni hoja ya mtu anayejali. Lakini atakayetuambia kwamba soka la madarasa yetu hapa seminarini ni shule ya upole, hajawahi kusimama nyuma ya goli letu. Tumeumizana, tumenuniana mezani siku mbili tatu, tumepatanishwa na kuendelea na masomo. Hakuna aliyependekeza tuchanganywe. Kwetu hasira ya kushindwa inahesabiwa kuwa sehemu ya kukua; kwa dada zetu inahesabiwa kuwa tatizo la kuondolewa kwenye ratiba.

Wazo hili la kuwachanganya si geni, na historia yake inafaa kujulikana. Mpira wa kikapu ulianza Desemba 1891 huko Springfield, Massachusetts, nchini Marekani. Aliyeubuni, James Naismith kutoka Kanada, alikuwa amesoma teolojia kabla ya kuwa mwalimu wa michezo (waseminari, tulikumbuke hilo tunapokwepa mazoezi). Muda mfupi baadaye Senda Berenson, mwalimu katika Smith College, chuo cha wanawake cha jimbo hilohilo, akawafundisha wanafunzi wake. Mwaka 1893 wasichana wa mwaka wa kwanza walikutana na wa mwaka wa pili mbele ya watazamaji wanawake watupu. Ili wasichoke, uwanja uligawanywa sehemu tatu na kila mchezaji akabaki kwenye sehemu yake. Anayeijua netiboli ataona mara moja ilikotoka, kwa kuwa mchezo huo ulizaliwa Uingereza kutokana na huu wa kikapu, ukaletwa kwetu na shule za wakoloni.

Halafu ikaja hofu. Kuanzia miaka ya 1920 walimu wengi wa michezo wa wanawake Marekani, wengi wao wakiwa wanawake wenyewe, waliamini kwamba chuo kushindana na chuo kunamharibu msichana. Wakaanzisha siku za michezo ambazo wachezaji wa vyuo mbalimbali walichanganywa, kila timu ikiwa na watu wa kila chuo, ili asiwepo chuo cha kushinda wala cha kushindwa. Baadaye wakanywa chai pamoja. Mjumbe wetu angepokewa huko kwa mikono miwili. Hali hiyo ilidumu miongo kadhaa, na matokeo yake ni kwamba kizazi baada ya kizazi cha wasichana hodari hakikupata kujua uhodari wake unafika wapi, kwa kuwa hakikuwa na wa kujipima naye.

Ukuta ule ulianza kupasuka Pennsylvania, kwenye vyuo viwili vilivyo umbali wa maili chache tu. Kimoja kiliitwa West Chester, chuo cha serikali kilichosifika kwa kuandaa walimu wa michezo. Kocha wake, Carol Eckman, mwaka 1969 alialika timu za vyuo vingine kwa mashindano ya kitaifa ya wanawake, na timu yake ikayashinda. Cha pili kilikuwa Immaculata, chuo kidogo cha wasichana cha Masista Watumishi wa Moyo Safi wa Maria. Msomaji wa Musoma atatabasamu hapo, kwani nasi tunao Masista wa Moyo Safi wa Maria wa Afrika pale Makoko. Ni mashirika mawili tofauti, lakini Mama ni yuleyule.

Immaculata walikuwa na shida tunazozijua. Ukumbi wao wa michezo uliteketea kwa moto mwaka 1967, wakawa wanafanyia mazoezi kwenye nyumba ya masista. Mwaka 1970 wakamwajiri Cathy Rush, kocha wa miaka 23, kwa dola 450 za msimu mzima. Naye alikuwa amehitimu wapi? West Chester. Yaani wapinzani ndio waliowalelea kocha.

Machi 1972 timu hizo mbili zilikutana kwenye fainali ya kanda, na West Chester wakawachapa Immaculata kwa tofauti ya pointi 32. Hebu tusimame hapo kidogo. Pointi thelathini na mbili, mbele ya jirani, mbele ya watu utakaokutana nao dukani. Kama kungekuwa na kamati ya bonanza pale, ingesema imetosha, mabinti wameaibika, mwakani tuwachanganye. Badala yake timu zote mbili zilikwenda Illinois kwenye mashindano ya kwanza ya taifa yaliyoandaliwa na AIAW, chama cha michezo cha wanawake wa vyuo. Fedha za Immaculata hazikutosha kuwapeleka wote, wakasafiri wachezaji wanane tu, baada ya kuchangisha hata kwa kuuza miswaki. Wakashinda mechi moja, ya pili, ya tatu. Fainali, nani anawasubiri? West Chester. Matokeo yalikuwa 52 kwa 48, ubingwa ukaenda kwa wasichana wa masista. Wakauchukua tena mwaka 1973 na 1974.

Watazamaji wao mashuhuri walikuwa masista wenyewe. Baba wa mmoja wa wachezaji alikuwa na duka la vifaa vya ujenzi, akaleta ndoo za bati na vijiti, na masista katika mavazi yao ya kitawa wakazipiga ndoo zile mpaka wageni wakalalamika kwamba hawasikilizani. Februari 1975 Immaculata walicheza na Queens College katika ukumbi wa Madison Square Garden, New York, mara ya kwanza kwa timu za wanawake wa vyuo kucheza hapo, mbele ya watu karibu 12,000. Mwaka 2014 timu ile iliingizwa kwenye jumba la heshima la mpira wa kikapu linalobeba jina la Naismith.

Hatutaki kuipamba hadithi kupita kiasi. Juni 1972, miezi mitatu tu baada ya fainali ile, Marekani ilipitisha sheria ya kukataza ubaguzi wa kijinsia katika shule na vyuo vinavyopokea fedha za serikali, na baada ya muda vyuo vikuu vyenye fedha vikawekeza katika timu za wanawake. Immaculata walifungwa katika fainali za 1975 na 1976, na hawakurudi tena kileleni. Vyuo vidogo viliachwa nyuma. Lakini tunachotaka kionekane ni zile pointi 32. West Chester ndio waliowaonyesha Immaculata walipopungukiwa, na hakuna mechi ya kuchanganywa ambayo ingeweza kuwaonyesha hivyo.

Sasa turudi kwenye machozi na maneno ya dirishani, maana hayo yalikuwepo kweli na hatuyapuuzi. Tunadhani dawa yake ipo kwenye lugha yetu tangu zamani, nayo ni utani. Wazee wetu walijua kwamba makabila yaliyopigana jana yanahitaji namna ya kuishi kesho, wakayafanya kuwa watani. Mtani anakutukana msibani na huna ruhusa ya kukasirika. Mtani huyohuyo ndiye anayeshika jembe kuchimba kaburi na kuhakikisha wafiwa wamekula. Tunawaita Simba na Yanga watani wa jadi kwa sababu hiyo, na pamoja na fujo zao zote hakuna mtu mwenye akili timamu aliyewahi kushauri kwamba wachanganywe wacheze dakika ishirini za kirafiki.

Utani lakini haudondoki kutoka mbinguni. Unahitaji kukutana mara kwa mara, na mechi moja kwa mwaka haitoshi. Mnaokutana siku moja tu na kisha mkaachana mnabaki na lile neno la mwisho la dirishani. Musoma na Bunda ni mwendo wa basi usiozidi asubuhi moja, na Butiama ni kukata kona pale Makutano. Musoma kuna chuo cha maendeleo ya jamii cha Buhare, Bunda kuna chuo cha ualimu, Butiama kuna chuo kikuu cha kilimo na teknolojia chenye jina la Mwalimu Nyerere. Wanafunzi Wakatoliki wapo katika vyuo hivyo na wana viongozi wao. Mechi nne kwa mwaka, nyumbani na ugenini, na baada ya kila mechi wenyeji wawapikie wageni, ugali na sato mezani, timu mbili zimekaa zikichanganyika. Hapo ndipo pa kuchanganya watu. Aliyefungwa atatukanwa kwa utani, atacheka akitaka asitake, na mechi ijayo atalipa.

Wapo watakaosema kikapu ni anasa na mkoa wetu una mambo mazito zaidi. Ni kweli yapo. Mara ni mkoa ambao wasichana hukimbia kwao msimu wa ukeketaji unapokaribia na kutafuta hifadhi katika nyumba salama za Mugumu, Butiama na Masanga. Hatusemi mpira utamaliza jambo hilo. Tunasema kwamba binti anayefundishwa tangu utoto kwamba mwili wake ni mali ya ukoo, ya mahari, ya macho ya watu, ana haki ya kuwa na mahali pamoja ambapo mwili huo ni wake, unaruka na kukimbia kwa amri yake, na watu wanamshangilia kwa hilo. Bunda tayari wameonyesha: Bunda Queens wamecheza Ligi Kuu ya soka ya Wanawake pamoja na Simba Queens, Yanga Princess na JKT Queens. Wale mabinti hawakufika pale kwa kuchanganywa.

Kwa upande wa imani hatuoni kizuizi. Mtakatifu Paulo, akiwaandikia Wakorintho waliokuwa jirani na michezo maarufu ya Isthmia, alitumia mfano wa mkimbiaji na wa bondia bila kuona haya, na hakuficha kwamba mkimbiaji hukimbia ili apate tuzo. Mwaka 2018 Baraza la Kipapa la Walei, Familia na Maisha lilitoa hati nzima kuhusu michezo. Kanisa limeshajua thamani ya kujitahidi mpaka mwisho. Sisi parokiani ndio tunaosita, na tunasita upande mmoja tu. Sherehe ya somo wa parokia ikifika, wavulana hununuliwa mpira mpya na wasichana hukabidhiwa sufuria.

Nasi tuna la kuungama. Uwanja wetu wa kikapu hapa seminarini una mbao mbili na pete mbili nzima, na siku nyingi za juma haukanyagwi na mtu. Ng'ambo ya ukuta kuna wasichana wanaotupia mpira kwenye pete iliyofungwa kwenye mti. Tumekuwa tukiwaona kwa miaka. Juma lililopita tumemwandikia Padre Gombera kuomba uwanja uwe wao Jumamosi mchana, wakiwa na mwalimu wao. Hajajibu bado, na tunajua anasoma gazeti hili.

Ratiba ya bonanza nayo haijachapwa. Tumepeleka ombi kwa kamati kwamba mstari mmoja ubadilishwe usomeke: saa kumi jioni, kikapu, wasichana, Musoma na Bunda, kikombe kipo. Wavulana waanze saa nane. Jua litakuwa kali, lakini ni vijana, watavumilia. Akina mama wa WAWATA wameulizwa na wamesema vigelegele havina shida. Ndoo tutaleta sisi.