Shamba Moja, Wanunuzi Wawili

Katika Masisi na Walikale mambo machache hufarakanisha jamaa kama mambo ya ardhi. Na katika mashauri ya ardhi, lililo chungu kuliko mengine ni lile la mtu auzaye shamba moja mara mbili. Twataka kulitazama leo, maana linahusu mfuko wa mtu, na dhamiri yake pia.

Tutoe mfano. Mtu wa Mpofi, pale Masisi inapopakana na Walikale, ana shamba alilorithi kwa baba yake. Amwuzia jirani yake. Wazee wakutana, mipaka yakanyagwa kwa miguu, pombe ya ndizi yanywewa, na jirani aanza kupanda migomba na kahawa. Miaka miwili yapita. Yule muuzaji apatwa na shida ya fedha, ashuka Goma, akutana na tajiri asiyelijua shamba lile hata kidogo. Amwuzia shamba lile lile, pamoja na kahawa asiyoipanda. Tajiri aenda ofisini kwa mtunza hati za ardhi, atoa malipo, aandikiwa cheti ambacho watu hukiita sertifika. Siku moja aja na wafanyakazi wake kung’oa migomba. Jirani ashika panga. Muuzaji hayupo, fedha za wote wawili amekwisha kuzila.

Je, shamba ni la nani? Wazee watajibu upesi: ni la yule wa kwanza. Lakini sheria ya nchi huenda njia nyingine. Sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 iliweka kwamba udongo wote ni mali ya Serikali, nayo humpa mtu haki ya kuutumia. Na haki hiyo huthibitishwa kwa cheti cha kuandikishwa tu. Tena ilisema kwamba cheti kikitimiza miaka miwili bila kupingwa, hakiwezi kuvunjwa. Aliyedhulumiwa hubaki kudai fidia tu. Mashamba ya mila nayo yalihesabiwa kuwa ardhi ya Serikali, na sheria iliahidi kwamba Rais angetoa amri ya kutengeneza haki za watu waishio humo. Hata ilipotimia miaka hamsini, mwaka 2023, amri ile ilikuwa haijatolewa. Basi yule aliyenunua mbele ya wazee, akapanda, akavuna, aweza kujiona mnyonge mbele ya karatasi ya mtu asiyeshika jembe.

Vita vimezidisha balaa hiyo. Mnamo Machi 1993 mapigano yalianza sokoni Ntoto, katika Walikale, yakaenea Masisi yote. Watu walikimbia. Wengine waliuza malisho na mashamba yao kwa haraka na kwa bei ndogo. Wengine waliyaacha, na wageni wakayauza nyuma yao. Waliporudi, walikuta moshi wa mtu mwingine katika boma lao. Tangu hapo watu wamekimbia na kurudi mara nyingi, na kila safari hutoa nafasi kwa mwenye tamaa.

Yafaa tujiulize: mwizi huyo apata wapi nguvu? Apata nguvu katika siri. Muuzaji wa mara mbili hawezi kufanya kazi yake mbele ya watu. Hupenda biashara ya usiku, nyumbani kwa mtu, bila majirani, husema, «Usimwambie mtu, wengine wanalitaka, toa fedha leo.»

Maandiko Matakatifu yatufundisha njia iliyo kinyume. Sara alipokufa, Abrahamu alihitaji mahali pa kumzika. Efroni Mhiti alisema atampa shamba la Makpela bure. Abrahamu hakukubali, alipima shekeli mia nne za fedha mbele ya wenyeji wote langoni mwa mji, na shamba, na pango, na miti yote ndani ya mipaka ikatajwa. Mgeni yule alijua kwamba ushahidi wa watu wengi ni ukuta. Naye nabii Yeremia alinunua shamba la Anathoti kwa Hanameli, binamu yake, kwa shekeli kumi na saba, wakati Wababeli walipokuwa wameuzunguka Yerusalemu. Alifanya hati mbili, moja ya kufungwa kwa muhuri na moja ya wazi, mbele ya mashahidi. Kisha akaagiza ziwekwe katika chungu zikae siku nyingi. Hata vita havikumfanya anunue kwa siri!

Ajabu, sertifika ya leo nayo huandikwa mara mbili: nakala moja hubaki katika kitabu cha ofisi, nyingine hupewa mwenye haki. Asili ya mpango huo ni Australia ya Kusini, ambako Robert Torrens aliuanzisha mwaka 1858, ili mnunuzi aweze kutazama kitabu kabla ya kutoa fedha. Lakini kitabu hakimsaidii asiyekwenda kukitazama.

Kwa hiyo, ewe unayetaka kununua, usitoe fedha kabla ya kulikanyaga shamba. Waulize majirani wa pande zote nne: nani analima hapa? Mwulize mkuu wa kijiji, na mke wa muuzaji, na watoto wake wakubwa. Andikeni hati, mtaje mipaka na miti, mashahidi waweke saini au kidole, kila upande ubaki na nakala. Kisha usilale: nenda ofisini ukaulize kitabu, uanze safari ya kupata cheti. Mahali ambapo ofisi iko mbali, au imefungwa kwa sababu ya vita, shikeni zaidi ushahidi wa watu, na hati itunzwe penye usalama. Tume ya Haki na Amani ya Kanisa yaweza kuwapa shauri kabla ugomvi haujawa damu.

Na wewe tajiri unayeona bei ni ndogo mno, jiulize kwa nini. Ukikuta migomba ya mtu imesimama shambani, nawe ukajifanya kipofu kwa kuwa karatasi yako ni safi, hukununua shamba. Umenunua machozi ya mjane. Mahakama yaweza kukupa haki, lakini kuna Hakimu asiyesoma sertifika peke yake.

Mwisho twamwambia muuzaji. Kuuza kitu cha mwingine ni batili mbele ya sheria, tena ni kosa la kufungiwa, liitwalo stelionati. Mbele ya Mungu ni wizi, na Amri ya Saba haina mlango wa nyuma. Usidhani utaungama, upewe kitubio, yaishe. Mwizi sharti arudishe. Kama huna fedha, rudisha kidogo kidogo, kwa ng’ombe, kwa mbuzi, kwa kazi ya mikono yako. Na kwanza kabisa, simama mbele ya wazee useme kweli ni nani uliyemwuzia kwanza. Neno hilo moja, likisemwa mapema, laweza kuzuia panga lisiinuliwe na kuokoa watu wawili wasio na kosa.