Babu Browning karudi na suti mpya

 

Juzi Jumapili, kijiweni kwetu Kinondoni, ubishi wa Simba na Yanga ulikatika ghafla. Mshikaji mmoja katoa simu, kaweka video ya mguu wa kuku. Siyo ule wa supu, ni ule unaotema moto. Vichwa saba juu ya kisimu kimoja, mpaka muuza kahawa akasahau kudai hela yake.

Ilikuwa Browning mpya. Jina si geni, kwenye habari za polisi tumeshasoma mara nyingi "bastola aina ya Browning". Lakini hii ya kwenye video ni ile babu yao, Hi-Power, iliyorudi na suti mpya.

Babu huyu ana historia. Mmarekani John Browning alianza kuibuni, akafariki Ubelgiji mwaka 1926 kabla hajamaliza. Mbelgiji Dieudonné Saive akaimalizia, na mwaka 1935 ikatoka. Ilibeba risasi 13, wakati wenzake wengi wa enzi hizo waliishia saba au nane. Kwenye Vita Kuu ya Pili ilipiga pande zote mbili: Wajerumani walikiteka kiwanda cha FN huko Ubelgiji, na Kanada nayo ikawatengenezea kina Mwingereza. Hata Gaddafi alipouawa kule Sirte mwaka 2011, vijana walipunga Browning yake iliyopakwa dhahabu.

Mwaka 2018 ikatangazwa kwamba haitengenezwi tena. Wapenzi wake wakaweka matanga. Kumbe mapema! Januari 2022 FN wakaitoa upya.

Nilivyoiona mara ya kwanza, sikufichi, nilisema "bomba!" Umbo ni lile lile la babu, ila sasa inameza risasi 17. Vitufe vipo pande zote mbili, mwenye shoto naye kakumbukwa. Ile nyundo ya nyuma, iliyokuwa ikifinya ngozi ya mkono, imepewa adabu. Rangi ni nyeusi, ya mchanga, au chuma kinachong'aa. Ilipotoka iliuzwa zaidi ya dola 1,200. Kwa hela hiyo, mtu wa Mbagala anawaza bodaboda.

Jioni nikapanda daladala hadi Mtoni kwa mjomba. Mzee huyu alikuwa mlinzi wa silaha, na Browning ya zamani ameishika miaka.

"Shikamoo mjomba."

"Marahaba mpwa wangu. Umekuja kula au kuuliza?"

"Vyote."

Akaangalia video yote bila kuguna. Halafu akauliza swali moja tu: "Ukichomoa magazini, inapiga?"

Nikarudisha video nyuma. Jamaa wa kwenye video kasema wazi: inapiga. Mjomba akatikisa kichwa.

Akanielewesha. Browning ya zamani ilitengenezwa hivi: ukishachomoa magazini, hata kama risasi moja imebaki chemba, ukivuta kifyatulio hakifanyi kitu. Kinga hiyo watumiaji wengi hawakuipenda, maana ilifanya kifyatulio kiwe kizito. Wengine wakaing'oa. FN walipoitengeneza upya, wakaiacha kabisa.

Msomaji, hapo nilinyamaza, maana mwaka juzi kuna kitu kilinitokea ambacho mama hajui mpaka leo.

Tulikuwa baa moja hapa hapa Kinondoni. Jamaa mwenye hela zake akachomoa bastola kiunoni kuuza sura. Akatoa magazini, akaiweka mezani, akasema, "Haina kitu, shikeni." Kibali ni cha kwake, siyo cha meza nzima, lakini nani wa kumwambia wakati bia ananunua yeye? Nikaishika mimi. Nikamwelekezea rafiki yangu kipenzi, tuliyesoma naye dawati moja, nikijifanya steringi wa sinema. Kidole kiko kwenye kifyatulio. Wote wanacheka, na yeye anacheka.

Mzee wa meza ya jirani akanishika mkono, akauelekeza chini. Akaichukua ile bastola taratibu, akaikoki. Risasi moja ikaruka, ikadondoka mezani, ikabingirika katikati ya chupa.

Hakuna aliyecheka tena. Rafiki yangu aliinuka, akaenda nje kutapika. Mpaka leo tukikutana tunaongea mpira tu.

Nilimsimulia mjomba. Hakunigombeza. Alisema, "Hata ile ya zamani usingeiamini, mpwa wangu, maana hujui nani alishaing'oa kinga yake. Bastola haiitwi tupu mpaka umetoa magazini, umeikoki, na umechungulia chemba kwa macho yako. Na hata ikiwa tupu, humwelekezei mtu."

Kwa hiyo vijana wenzangu, suti ya babu ni kali, nakubali. Risasi 17 siyo mchezo. Lakini upya wake haukulindi wewe wala mshikaji wako. Ukimwona mtu baa anatoa magazini na kusema "haina kitu", usisubiri kuona kama anasema kweli. Lipa soda yako, uondoke.

Panapo majaliwa, tukutane wiki ijayo.