Radi za Ziwani Si Hasira za Mugasha
Makala iliyodai kwamba radi za usiku ziwani ni hasira za Mugasha, na kwamba wavuvi wa visiwa vya Goziba na Bumbire wanazama kwa sababu tumeacha matambiko, inawaonea marehemu. Mugasha, mwenye ziwa na dhoruba kwa Wahaya, ni urithi wetu, namheshimu. Lakini usiku nchi kavu hupoa upesi, Ziwa Viktoria hubaki na joto. Upepo kutoka pande zote hukutana majini, hewa yenye unyevu hupanda, radi huzaliwa. Ndiyo maana Bukoba, kando ya ziwa, huamkia mvua. Na mvuvi wa dagaa hutoka na taa yake saa hizohizo! Wenye mitumbwi Muleba, wapeni vijana majaketi ya kujiokolea, na msikilize utabiri kabla ya kung'oa nanga.