Ruth de Souza: Walimwita "wa Kwanza" Halafu Wakamrudisha Jikoni

Tusidanganyane wadau. Kila Ruth de Souza akitajwa, neno linalotangulia ni lilelile: "wa kwanza". Mwigizaji mweusi wa kwanza wa Brazil kufanya hiki, wa kwanza kufika pale. Ni kweli, hakuna anayebisha. Ila sifa hizo zimekuwa kama pazia la kufunika jinsi mama huyu alivyobaniwa.

Ruth alizaliwa Rio de Janeiro mwaka 1921. Baba alifariki yeye akiwa bado mdogo, mama akabaki kufua nguo za watu ili watoto wale. Binti mwenyewe alikuwa mgonjwa wa sinema. Akisema anataka kuwa mwigizaji watu wanacheka, maana nani alikuwa ameona mweusi kama yeye kwenye skrini?

Mwaka 1945 kicheko kikaisha. Alipanda jukwaa la Theatro Municipal, ukumbi wa matajiri wa Rio, akiwa na kundi la Teatro Experimental do Negro lililoanzishwa na Abdias do Nascimento mwaka mmoja nyuma. Humo ndani walikuwemo mahausigeli na vibarua waliofundishwa hadi kusoma na kuandika. Baadaye akapata ufadhili wa kwenda kusomea uigizaji Marekani.

Sasa mtu wa namna hiyo akirudi nyumbani anapewa nini? Filamu iliyompaisha ni Sinhá Moça ya mwaka 1953, jina lake likasikika hadi kwenye tamasha la Venice. Humo ameigiza mtumwa. Baada ya hapo mtumwa tena, hausigeli, mpishi, hausigeli.

Lakini kinachouma zaidi ni mwaka 1969. Runinga kubwa ya Brazil ilitengeneza tamthilia ya A Cabana do Pai Tomás, Ruth akapewa nafasi kubwa, mke wa mzee Tomás. Hapo tena wakaandika "wa kwanza". Na mzee Tomás, mtumwa mweusi, aliigizwa na nani? Mzungu! Kapakwa rangi nyeusi, kavalishwa wigi, na humohumo akaigiza na Abraham Lincoln. Yaani Brazil nzima ile alikosekana mwanaume mweusi wa kuwa mume wa Ruth kwenye runinga? Watu walilalamika sana, tamthilia ikaendelea.

Wapo wanaosema angegoma. Rahisi kusema ukiwa umekaa kwenye kochi. Angegoma, nafasi ingeenda kwa mwingine wa kupakwa rangi, yeye angerudi kwenye sabuni za mama yake. Alibaki, na hausigeli akiigizwa na Ruth alikuwa na macho ya mtu anayewaza mambo yake, siyo kivuli cha kupitisha sinia la kahawa.

Ukitaka kujua walichokuwa wanapoteza, angalia mwaka 1961. Kwenye jukwaa alimwigiza Carolina Maria de Jesus, mama mweusi aliyeokota makaratasi São Paulo huku akiandika maisha ya mtaa wake wa mabanda kwenye madaftari. Hapo Ruth alipata mwanamke kamili: ana njaa, ana hasira, ana akili, ana watoto, ana maneno yake mwenyewe. Nafasi za aina hiyo zilikuwa za kuhesabu.

Tuzo ya mwigizaji bora wa kike kwenye tamasha la Gramado aliipata 2004 kwa filamu ya Filhas do Vento, akagawana na mkongwe mwenzake mweusi, Léa Garcia. Ruth alikuwa na miaka 83. Filamu yake ya kwanza ilitoka 1948, piga hesabu mwenyewe.

Karnivali ya 2019 kikundi kimoja cha samba cha Rio kikamfanya yeye ndiyo mada ya gwaride lake. Julai mwaka huohuo akafariki, miaka 98. Habari za msiba zikatoka, na mstari wa juu kabisa ukasomeka tena: mwigizaji mweusi wa kwanza.