Wana Kumwonea Haya Mama Yao



Sinema si jambo la kusifiwa katika ukurasa huu, wala leo sikukusudia kuisifu. Walakini kinachotazamwa na vijana wetu majumbani yatupasa tukijue, hasa filamu za Kihindi, ambazo watu wa pwani wamezizoea tangu zama za baba zetu.

Katika filamu hizo mwanamke mtu mzima alikuwa na kazi moja: kuwa mama wa mtu, akiwalilia wanawe. Na uso wa mzee wa kweli haukutakiwa. Katika "Mother India" ya mwaka 1957, aliyetiwa mvi akawa mama ni Nargis, na aliyekuwa mwanawe ni Sunil Dutt. Nao wote wawili walizaliwa Juni 1929. Mwaka 1958 wakaoana!

Sasa mambo yameanza kugeuka. Mwaka 2017 Neena Gupta, aliyezaliwa mwaka 1959, alitangaza hadharani kuwa yupo Mumbai na anatafuta kazi ya kuigiza. Mwaka 2018 akaonekana katika "Badhaai Ho", akiwa mke wa mtu, mwenye kijana aliyefika kuoa, naye ameshika mimba. Mimba ni ya mumewe wa halali, lakini wanawe wanaona haya mbele za watu.

Kijana mmoja chuoni aliniuliza kama haya hiyo ina asili katika dini. Nikamjibu kuwa haina. Nikamtajia Bibi Sara, aliyebashiriwa Is-haka hali ya kuwa mkongwe, na Bibi Khadija, mjane aliyeolewa na Mtume wetu (S.A.W.) akiwa, kwa mapokezi mashuhuri, na miaka 40. Na Sura ya Nuru, aya ya 32, yaamrisha kuozwa wasio na wenzi, umri haikutaja.

Jawabu ni sahihi, walakini mwenye kulitoa hakustahili kupaza sauti. Mamangu alipokuwa mjane, eda imekwisha zamani, mzee mmoja wa heshima alikuja kumposa. Mjomba wangu, ndiye walii, alikwisha ridhika, na mama alikubali. Mimi ndimi niliyekwenda usiku kwa mjomba nikamwambia watu watatucheka. Na katika madhehebu yetu ya Imamu Shafi, mtoto si walii wa mama yake kwa uwana wake tu. Sikuwa na haki hata ya kuulizwa.

Posa ikarudishwa. Mama hakunena neno. Akaishi miaka 11 baada ya hapo katika chumba cha uani, nami nikimpelekea chakula kila jioni na kujiona mtoto mwema.