Jicho la Mwenzio

Mtu huweza kudhani kuwa aijua nafsi yake pasipo msaada wa mwingine. Jean-Paul Sartre, mwanafalsafa wa Ufaransa aliyekuwa askari akatekwa na Wajerumani mwaka 1940, alilipinga wazo hilo katika kitabu chake cha mwaka 1943. Alieleza kuwa mtu achunguliaye kwenye tundu la kufuli haoni haya, mpaka asikiapo nyayo nyuma yake. Hapo ndipo ajionapo.

Askari aingiapo soko la Kalerwe na magwanda yake, muuza nyanya hunyamaza. Hana kosa, jicho la askari ndilo limfanyalo ajihisi mshitakiwa. Lakini askari naye hutazamwa, na kimya kile ni kioo chake.

Je, jicho la mwenzio ni adui tu? Profesa John Mbiti, aliyefundisha Makerere, si mbali na Kalerwe, tangu 1964 hadi 1974, alieleza katika kitabu chake cha 1969 kuwa kwa desturi za Kiafrika mtu hupata utu wake kwa wenziwe.

Basi, mwenye sare, salimu kwanza, ndipo uulize bei. Na ufikapo nyumbani, vua kofia kabla ya kuwatazama watoto: machoni mwako ndimo wajifunzamo wao ni nani.